Filamu ya kazi za nyumbani kwa kamera isiyosogea: shajara ya mradi

Mradi huu ni wa filamu ya saa moja hivi, isiyo na hadithi, msimulizi wala muziki. Kinachoonekana ni kazi za kila siku ndani ya nyumba moja wanamoishi watu wazima wawili: kupiga pasi, kuosha vyombo, kushona kifungo, kufagia ngazi, kutandika kitanda. Kamera inasimama mahali pamoja, mtu anafanya kazi yake. Shajara inaongezwa kila hatua inapokamilika, ili anayetaka kufanya kazi ya namna hii ajue pa kuanzia na ayaone mapema yaliyotuharibikia. Gharama zimeandikwa kwa saa, gigabaiti na idadi ya shoti zilizotupwa. Shoti humu ni kipande kimoja cha picha kisichokatwa, tangu kitufe cha kurekodi kinapobonyezwa hadi kinapobonyezwa tena.

4 Machi: Vifaa na kanuni

Kamera ya kidijitali yenye kihisi cha APS-C (kidogo kuliko cha fremu nzima), na lenzi moja tu ya mm 35, ambayo kwenye kihisi hicho huona karibu sawa na mm 50 kwenye kamera ya fremu nzima. Lenzi ya kuvuta tumeiacha makusudi. Ukiwa nayo unazungusha mkono badala ya kuhamisha tripodi, na mtazamaji anashindwa kujua amekaa umbali gani na mtu anayemtazama. Vingine: tripodi nzito, rekoda ya sauti, maiki mbili, kadi mbili, betri nne na diski mbili za terabaiti 2.

Mpangilio ni fremu 25 kwa sekunde, shata (muda ambao kila fremu inapokea mwanga) sekunde 1/50, megabiti 100 kwa sekunde. Kwa kiwango hicho saa moja ya picha inakula gigabaiti 45. Hesabu yake ni rahisi na ifanywe kabla ya kutafuta diski: megabiti gawanya kwa 8, zidisha kwa 3,600, utapata megabaiti za saa nzima.

Kanuni nne: kamera haisogei wakati wa kurekodi, mtu haelekezwi afanye nini, hakuna taa ya ziada, kila shoti ni dakika 4 kamili. Hiyo ya nne haikudumu, na sababu yake imeelezwa chini ya 29 Machi.

12 Machi: Wiki ya kutazama bila kamera

Siku saba, saa tatu kila siku, jumla saa 21, kwa daftari na kalamu tu. Wengi huiruka hatua hii kwa sababu haitoi hata sekunde moja ya picha. Kwetu ndiyo iliyookoa muda mwingi kuliko nyingine yoyote.

Daftari lilikuwa na safu sita: kazi imeanza saa ngapi, imekwisha saa ngapi, mwanga unatoka wapi, sauti gani zinasikika, mikono inafanya nini, macho yanaangalia wapi. Safu ya macho ndiyo inayoamua pa kuweka kamera. Ikiwa kwenye mstari wa macho ya mtu, atakutana nayo kila anapoinua kichwa, na kila akikutana nayo atajirekebisha. Tukaiweka pembeni mwa mstari huo, kati ya nyuzi 40 na 60, karibu na kimo cha viwiko vyake.

Daftari lilifichua mambo ambayo mtu hayaoni akiwa tayari ameinamia kioo cha kamera. Mwanga wa jua unaifikia meza ya kulia saa 1:10 asubuhi na kuiacha saa 1:50, basi. Nje ya dakika hizo 40 hakuna shoti ya meza. Ngazi hufagiwa kutoka juu kwenda chini, kwa hiyo kamera ikiwa chini, mtu anazidi kukua ndani ya fremu na vumbi linamtangulia. Kapu la nguo za kupigwa pasi huwa sakafuni upande wa kushoto. Mchoro wetu wa kwanza ulilikata kapu, na mpiga pasi akawa kama anaokota mashati hewani. Tangu hapo kila fremu inachorwa kwa kufuata mipaka ya kazi: vitu vinatoka wapi, vinakwenda wapi, mkono unafika wapi ukinyooka. Uzuri wa mpangilio unafuata baadaye, nao mara nyingi unajileta wenyewe.

17 Machi: Shoti tano za kwanza, zote zimetupwa

Kosa lilikuwa moja kwa zote tano: tuliiachia kamera maamuzi. Katika filamu yenye mikato ya haraka maamuzi ya kamera hayaonekani. Katika shoti isiyosogea kwa dakika nyingi yanaonekana kuliko mtu mwenyewe.

Kiasi cha mwanga kilikuwa cha kujipanga. Mwenye kufua alipoinua shuka jeupe, kamera ilidhani chumba kimejaa nuru na ikafifisha picha yote. Shuka liliposhuka, ukuta ukang'aa tena. Picha ikawa inapumua. Dawa yake ni kupanga kila kitu kwa mkono na kukubali kwamba wingu likipita, chumba kitakuwa giza. Wingu kupita ni sehemu ya asubuhi hiyo.

Rangi nayo ilijibadilisha. Kamera iliyumba kati ya mwanga wa dirisha na wa balbu, na ukuta uleule ukaanza wa samawati ukamalizia wa manjano. Sasa tunafunga namba ya rangi ya mwanga: Kelvini 5,600 dirisha likitawala, 3,200 balbu za rangi joto zikitawala. Vyote viwili vikiwepo tunachagua kimoja na kuuacha wa pili uonekane ulivyo.

Fokasi ya kujitafutia iliharibu shoti ya sinki: kila mkono uliposogea mbele ya sahani, lenzi iliufuata na kurudi. Siku hizi fokasi inafungwa kwa mkono mahali mikono inapofanya kazi, na tundu la lenzi linawekwa kati ya f/5.6 na f/8 ili mtu akisogea nusu hatua abaki wazi.

La nne lilikuwa letu wenyewe: milia. Jikoni kulikuwa na taa ya umeme wa mizunguko 50 kwa sekunde, na kwa shoti mbili shata ilikuwa imesogezwa kimakosa hadi 1/60. Taa ya namna hiyo huwaka na kufifia mara 100 kwa sekunde. Shata ya 1/50 inakusanya mawimbi mawili kamili katika kila fremu, ya 1/100 inakusanya wimbi moja. Kwa 1/60 kinaingia kipande kisicho kamili, na kila fremu inapata kipande tofauti. Ndipo milia ya giza inapopanda taratibu juu ya picha. Penye umeme wa mizunguko 60 kwa sekunde, shata ziwe 1/60 au 1/120. Balbu za LED zenye kipunguza mwanga zina mapigo yao wenyewe na zinaweza kuleta milia hata shata ikiwa sahihi; kipunguza mwanga kikifunguliwa hadi mwisho, kwa kawaida milia hutoweka. Milia haisahihishiki vizuri wakati wa kuhariri. Rekodi sekunde 20 za majaribio, zitazame kwenye kioo kikubwa, kisha endelea.

Gharama: shoti 5, saa 6 za kazi, hakuna kilichobaki.

23 Machi: Sauti

Kwa kazi za mikono, nusu ya picha ni sauti. Pasi ikiguswa kwa kitambaa chenye unyevu, mlio mfupi wa mvuke unasikika kabla mvuke haujaonekana. Sauti hiyo ikikosekana, mtu anaonekana anasukuma chuma kizito kisicho na moto.

Maiki ya juu ya kamera haikufaa: ilisikia kamera yenyewe na chumba kizima. Tukaweka maiki ndogo sentimita 50 kutoka mikononi, nje kidogo ya fremu, juu ya kitambaa kilichokunjwa ili isipokee mtetemo wa meza. Ya pili ilibaki kwenye kona ya chumba kwa ajili ya nyumba nzima: hatua za juu, mlango, maji ndani ya mabomba. Rekoda ilipangwa kwa kHz 48, biti 24, kilele kisizidi desibeli 12 chini ya sifuri, yaani kikomo cha rekoda. Kichujio kinachoondoa sauti nzito za chini ya Hz 80 kiliwashwa kwa maiki ya kona tu, maana kwa maiki ya karibu kilipunguza uzito wa pasi inapotua.

Mngurumo wa jokofu ulitugharimu siku mbili. Masikio yakiwa chumbani huuzoea na kuusahau, rekoda haiusahau. Mbaya zaidi, jokofu hujizima katikati ya shoti, na ukimya unaofuata unasikika kama sauti imekatwa. Sasa linazimwa kabla ya kurekodi, na funguo za mlango wa nje zinawekwa ndani yake. Hakuna anayeweza kuondoka bila kulifungua, na akilifungua anakumbuka kuliwasha.

Saa ya rekoda na saa ya kamera hazikubaliani kabisa. Katika jaribio la dakika 30 tulipima tofauti ya fremu mbili, yaani milisekunde 80. Kisu kikigonga ubao, tofauti hiyo jicho linaiona. Tunapiga kofi moja mbele ya kamera mwanzoni na jingine mwishoni, kisha tunaivuta sauti yote kidogo mpaka makofi yote mawili yaoane. Kofi la mwanzo peke yake halitoshi. Baada ya kofi la mwisho tunarekodi dakika mbili za chumba kitupu, watu wote wakiwa wametulia, kwa ajili ya kuziba mapengo wakati wa uhariri.

29 Machi: Dakika nne zimeshindwa

Kufikia leo tuna shoti 14 za dakika 4 kila moja, safi kwa picha na sauti, na karibu zote haziendi popote. Hatukuona kosa mpaka tulipozitazama mfululizo.

Shoti ya pasi inaonyesha tatizo vizuri. Shati linaanza na kola, upande wa ndani kwanza. Halafu mabega, mikono, mgongo, na mwisho vipande viwili vya mbele, ncha ya pasi ikipita kati ya vifungo kimoja baada ya kingine. Mpiga pasi wetu humaliza shati kwa dakika sita na sekunde kadhaa. Dakika ya 4 inapofika, ndiyo kwanza anageuza mgongo wa shati. Picha inakatika akiwa ameinua pasi. Mtazamaji hajaona kazi, ameona sampuli ya kazi, na anaanza kuhesabu dakika badala ya kutazama mkono.

Ilibidi tujiulize dakika 4 zilitoka wapi. Jibu ni kwamba hazikutoka popote, zilionekana urefu wa kutosha tu. Wapigapicha wa zamani walipewa urefu na mashine. Ndugu wa Lumière, waanzilishi wa sinema wa Ufaransa, mwaka 1895 walikuwa na filamu ya mita 17 hivi, iliyokwisha kwa sekunde 50 au chini yake, nao walilazimika kutafuta tukio linaloenea humo. Kamera ya Bolex ya mm 16 yenye springi hukimbia sekunde 28 hivi kwa fremu 24, kisha springi inaisha. Mkebe wa futi 100 wa mm 16 hutoa dakika 2 na sekunde 45 hivi, wa futi 400 dakika 11. Mipaka hiyo ilikuwa migumu na ya kweli, na watu walijifunza kufanya kazi ndani yake. Kamera ya kidijitali haina mpaka wa namna hiyo. Ukijiwekea namba kwa kubahatisha, unapata ugumu wa mpaka bila faida yake.

Hata hivyo muda uliopangwa una mahali pake. James Benning, mtengenezaji filamu wa Marekani, katika filamu yake ya maziwa 13 ya mwaka 2004, alilitengea kila ziwa dakika 10, na inafaa, kwa sababu ziwa halianzi wala haliishi. Mtazamaji ndiye anayebadilika mbele yake. Kwa hiyo tumegawanya orodha yetu. Vitu visivyo na mwisho wake, yaani mvua dirishani, ukumbi mtupu, mwanga juu ya meza, vinapewa muda tuliouchagua. Kazi zenye mwisho wake zinapewa muda wa kazi: shoti inaanza kabla mtu hajaingia kwenye fremu, na inazimwa baada ya yeye kutoka, hata kama atakawia.

Hili linabadilisha maandalizi yote. Betri lazima iwe imejaa, kadi iwe na nafasi ya saa nzima, na hakuna kugusa kamera kwa kuhisi kwamba "imetosha". Mara mbili tulibonyeza kitufe mapema, na mara zote mbili jambo lenyewe lilitokea sekunde chache baadaye. Mara ya pili mtu alikuwa ameshamaliza kuosha vyombo, akarudi, akakunja kitambaa sehemu nne na kukitandika juu ya mfereji. Kwetu huo ndio mwisho wa kuosha vyombo, na hatunao katika shoti hiyo.

Gharama: shoti 14, gigabaiti 42, siku nane. Shoti ya mvua na ya ukumbi zimebaki; 12 zinarudiwa.

7 Aprili: Mtu mbele ya kamera

Wahusika walikuwa wamekubali tangu mwanzo, na makubaliano yameandikwa: kila mmoja anaweza kusema "zima" wakati wowote bila kutoa sababu, kila shoti anaonyeshwa ndani ya siku mbili, anaweza kuiondoa mpaka siku filamu inapofungwa. Shoti moja imeondolewa hivyo, na imefutwa kwenye diski zote mbili siku ileile. Bila mkataba wa namna hii usianze. Mtu asiye na hakika ya kitakachotumika hujilinda muda wote, na kujilinda kunaonekana mabegani.

Lakini ridhaa haiondoi aibu. Katika shoti za kwanza watu walifanya kazi vizuri mno: walinyoosha mgongo, walisuuza kila kijiko mara mbili. Tulijaribu kuificha kamera nyuma ya pazia, tukaacha. Mtu anayejua kamera ipo ila haioni anaitafuta kwa macho. Tukajaribu kuwasha na kutoka chumbani. Hilo lilikuwa baya zaidi, maana mtu aliyeachwa peke yake na kamera huanza kuitumbuiza au kuzungumza nayo.

Kilichofaa ni mazoea. Tripodi na kamera viliachwa mahali pake siku nne bila kurekodi chochote. Siku ya kwanza walizunguka mbali nayo. Siku ya nne taulo la mikono lilikuwa limetundikwa kwenye mkono wa tripodi. Tukajua sasa inawezekana kuanza. Taa nyekundu ya kurekodi imefunikwa kwa utepe mweusi na kioo kimegeuzwa ndani, ili kamera iliyowashwa na iliyozimwa zifanane. Mwenye kamera anabaki chumbani, ameketi, anafanya kazi ya mikono isiyo na kelele. Mtu akiwa na shughuli yake hamkodolei mwenzake macho, na anayerekodiwa anapumzika.

Kofi la kulinganisha sauti lilikuwa likiharibu utulivu huo kwa kumgutusha mtu kabla hajaanza. Sasa linapigwa kabla hajaingia chumbani, na shoti inaendelea kusubiri. Subira hiyo imekuwa dakika 3 hadi 20 za chumba kitupu kila mara. Ni gigabaiti nyingi, na zinafaa.

15 Aprili: Dirisha na kamba ya nguo

Mbele ya dirisha, nje palikuwa na nuru zaidi ya ndani kwa hatua sita (kila hatua huongeza nuru maradufu), na kihisi chetu hakikubali tofauti hiyo bila kuchoma upande mmoja. Taa za ziada tumejikataza. Tuliweka karatasi nyeupe kando ya fremu kurudisha mwanga usoni, ikasaidia kidogo lakini ikaonekana kwenye kioo cha kabati. Suluhisho lilikuwa saa: kati ya saa 12:10 na 12:35 jioni nuru ya nje inashuka mpaka kukaribia ya ndani, kisha inaipita. Shoti ya kushona kifungo imepangwa hapo. Inaanza mtu akiwa kivuli mbele ya dirisha jeupe, inaishia kioo kikiwa cheusi na taa ya meza ikiwa ndiyo pekee inayoonyesha uzi. Katikati anailowesha ncha ya uzi kwa ulimi, anakosa tundu la sindano mara tatu, anasogeza sindano karibu na taa. Hatukuomba lolote kati ya hayo. Tulichagua saa tu.

Kuanika nguo kulikuwa juani. Kwa ISO 100 (kiwango cha wepesi wa kamera kupokea mwanga) na shata 1/50, jua kali linataka f/22 hivi. Tulirekodi kwa f/22 na ilikuwa kosa. Tundu likiwa dogo namna hiyo picha inapoteza ukali, na kila chembe ya vumbi iliyo juu ya kihisi inajichora kama doa angani. Katika shoti ya sekunde tano doa halionekani. Katika shoti ya dakika sita mtazamaji haoni kitu kingine. Kihisi kilisafishwa kwa kipuliza hewa, lenzi ikafungwa kichujio cheusi cha ND8 kinachopunguza nuru hatua tatu, na tundu likarudi f/8. Upepo nao ulitikisa tripodi mpaka tulipoondoa mkanda wa kamera uliokuwa ukipeperuka na kuning'iniza mfuko wenye uzito wa kilo 5 katikati ya miguu.

22 Aprili: Hasara ya kadi

Shoti bora ya kukunja nguo, dakika 7, imepotea mwisho wake. Kadi ya gigabaiti 32 hutumia mfumo wa kuhifadhi faili wa FAT32, usiokubali faili kuzidi gigabaiti 4. Kwa megabiti 100, hiyo ni dakika 5 na sekunde 40 hivi, baada ya hapo kamera inafungua faili jipya. Vipande hivyo huungana bila pengo ukivipanga kwa mfuatano. Tulikuwa tumenakili vya siku mbili kwa kuvibadilisha majina kimoja kimoja, kipande cha pili kikapewa jina la shoti nyingine na kufunikwa.

Taratibu zimebadilika. Kadi ni za gigabaiti 128, ambazo hutumia exFAT, mfumo usio na kikomo hicho. Folda yote ya kadi inanakiliwa nzima ilivyo, majina hayaguswi, na maelezo yanaandikwa kwenye jedwali la pembeni. Kadi haifutwi mpaka nakala mbili ziwe kwenye diski mbili na kila moja imefunguliwa ikachezwa mwanzo, kati na mwisho. Angalia pia kama kamera yako inajizima dakika ya 29 na sekunde 59. Nyingi za zamani hufanya hivyo. Kwa shoti zenye subira ndefu, kofi likipigwa mapema mno, kamera itazima mtu akiwa katikati ya kazi.

Kukunja nguo kumerudiwa baada ya wiki, siku nguo zilipokauka tena. Hatukumwomba mtu azikunje upya kwa ajili yetu. Ni kanuni ya pili, na gharama yake ni kusubiri.

6 Mei: Uhariri

Saa 19 za picha, gigabaiti 855, shoti 74. Zilitazamwa zote kwa mwendo wake halisi, bila kukimbiza. Ukikimbiza huwezi kujua shoti inachosha wapi na inaanza kuvuta wapi. Mara nyingi inachosha dakika ya pili kisha inavuta dakika ya nne, na anayekimbiza hugundua ile dakika ya kuchosha tu. Jedwali lina namba ya shoti, dakika mtu anapoingia, dakika anapotoka, kasoro, na sentensi moja ya kinachobadilika kati ya mwanzo na mwisho. Shoti ambayo sentensi hiyo haikuandikika haikuchaguliwa.

Mahali pa kukata palichukua muda kuliko mpangilio. Jaribio la kwanza lilikata mara mtu alipotoka kwenye fremu. Filamu ikawa na haraka, kama nyumba inafukuza watu. Tukaacha sekunde 15 za chumba kitupu kila mwisho; ikawa desturi, na mtazamaji akaanza kuitarajia. Sasa kila shoti ina mkia wake: pasi inabaki na sekunde 22, kwa sababu chuma kinapopoa kinalia tik tik na mlio huo unapungua mpaka unakwisha. Kitanda kina sekunde 4 tu. Kati ya shoti na shoti kuna sekunde 2 za giza na ukimya kamili, kwani tulipounganisha moja kwa moja, sauti ya chumba kipya iligonga kama mlango.

Mpangilio haukufuata saa za siku. Tulijaribu asubuhi hadi usiku, na mtazamaji alijua kinachofuata. Tulichofuata ni ukubwa wa mwendo: baada ya ngazi, ambako mwili wote unafanya kazi, kifungo, ambako ni vidole viwili.

19 Mei: Onyesho la majaribio

Watazamaji sita, chumba chenye giza, simu nje. Hawakuulizwa kama wameipenda. Mmoja wetu alikaa kando yao akiandika dakika ambazo watu walijigeuza vitini. Katika shoti 12, walijigeuza wote kwa pamoja katika moja: ya kuchana nywele mbele ya kioo. Kwa kioo mtu aliiona kamera nyuma yake, na kila baada ya kiasi jicho lake lilikwenda pembeni. Kwenye meza ya uhariri tulilichukulia kuwa jambo dogo. Kwa watu sita waliokaa kimya halikuwa dogo. Shoti imetoka, dakika 7 na sekunde 15.

Shoti ya ukumbi mtupu, tuliyoiogopa, waliitazama bila kusogea. Hakuna mtu ndani yake kwa dakika 3 na nusu, ila zinasikika sauti za chumba cha pili: maji, sufuria, kikohozi. Onyesho lilituonyesha pia kwamba maiki ya kona ilikuwa imeshushwa mno. Imepandishwa desibeli 3 katika shoti hiyo peke yake.

26 Mei: Hali ya sasa

Shoti 11. Kuosha vyombo 9:40, mwanga juu ya meza 8:00, kukunja nguo 7:05, kuanika 6:30, pasi 6:20, kung'arisha viatu 6:15, kushona kifungo 5:10, ngazi 4:50, mvua 4:00, ukumbi 3:30, kitanda 3:20. Jumla dakika 64 na sekunde 40, na sekunde 20 za giza katikati zinaifikisha dakika 65. Kwa kila dakika iliyotumika, zimerekodiwa dakika 17 na nusu.

Rangi zimeguswa kidogo: weusi umelinganishwa shoti hadi shoti, nyeupe za nguo zimeshushwa zisichome. Kelele za picha katika shoti ya kifungo, dakika mbili za mwisho ambapo giza limeingia, tulijaribu kuzisafisha kwa programu. Uzi ulitoweka pamoja nazo. Kelele zimerudishwa.

Kinachobaki ni wahusika kuitazama filamu nzima mara ya mwisho kabla haijafungwa. Wametaka kuitazama jikoni, kwenye kioo kidogo, jokofu likiwa limewashwa. Faili la kuwaonyesha limeshatolewa.